Wingu Lililopungua Kila Mwaka

Mtaa wetu wote ulimwita Mwalimu, na kila alipoitwa hivyo alisimama, hata kama amebeba ndoo ya maji, akasahihisha. "Mimi si mwalimu. Mimi ni mtu wa maabara." Aliyemwita alijibu, "Sawa, Mwalimu," na kila mtu akaenda zake.

Alikuwa amefanya kazi miaka mingi katika maabara ya shule moja ya upili hapa Kisumu, ile ile niliyosomea mimi miaka minne na kutoka na gredi ambayo mama yangu hajawahi kuitaja kanisani. Walimu walikunywa chai chumba chao. Yeye alikunywa chumba cha nyuma, katikati ya chupa za asidi, kwa bika ya kioo ambayo aliapa haijawahi kutiwa kitu kingine. Wanafunzi tulimwita Bwana Maabara. Jina hilo hakulisahihisha, kwa hiyo ndilo nitakalolitumia.

Alipostaafu alibaki kuwa jirani yetu ukingoni mwa mtaa wa Obunga, ua mmoja tu kati ya boma lao na letu. Mimi ni mtu wa nyumbani. Ninafuma sweta za shule kwa mashine iliyo karibu na dirisha, na dirisha hilo ndilo runinga yangu. Wasichana niliosoma nao wako Nairobi, wako Doha, mmoja inasemekana yuko Kanada anazoa theluji. Mimi nilifika Sondu mara moja kwa mazishi, nikaumwa tumbo, nikarudi. Nikisema nilimjua mtu huyu vizuri, nina maana kwamba nilimtazama dirishani kwa muda mrefu kuliko adabu inavyoruhusu.

Picha ya kwanza niliyo nayo ni ya mzee akizunguka pipa. Lilikuwa pipa tupu la mafuta, amelijaza mawe lisitikisike, na juu yake ameweka kioo kinene cha duara alichokinunua kwa wauza vyuma chakavu. Kilikuwa dirisha la meli ya zamani. Juu ya hicho ameweka kingine, kati yao unga wa kusagia na maji, naye anasukuma mbele, anavuta nyuma, anapiga hatua moja kulizunguka pipa, anasukuma tena. Asubuhi na jioni, miezi mingi. Mama yangu alimfungia maombi ya wiki mbili.

"Mzee wa watu amerogwa," alisema. "Anatwanga kioo."

Mimi nikaenda kumwuliza mke wake. Mke wake alikuwa akikaanga mgongo wazi, ile mifupa ya samaki wa mbuta inayobaki viwanda vikishachukua nyama. Mtaa wetu unajulikana kwa kitu hicho kuliko kwa jambo lingine lolote.

"Mama, Mzee anafanya nini?"

"Anatengeneza jicho," akasema, bila kuinua uso kwenye karai. "Haya mawili hayamtoshi."

Lilikuwa jicho kweli. Ukisaga hivyo kwa muda wa kutosha, kioo cha juu kinabonyea katikati, na kile kilichobonyea ukikipaka fedha kinakusanya nuru ya nyota. Mwili wa darubini yake ulikuwa bomba la maji taka, jipya, alisisitiza, halijawahi kutumika. Hii habari ya vitu ambavyo havijawahi kutumika kwa kazi nyingine ilikuwa ugonjwa wake.

Ukweli wake ulikuwa wa gramu. Shuleni alikuwa akipima chumvi ya kila mwanafunzi kwenye karatasi, akipuliza chembe moja iliyozidi. Kwenye mtihani mmoja wa majaribio tulipewa kazi ya pendulamu: funga uzi, ning'iniza kijiwe, hesabu inavyobembea. Mimi kuhesabu kulinichosha kabla sijaanza. Nikajaza jedwali kichwani, nikachora grafu iliyonyooka kama barabara ya mbunge. Jambo hilo tuliliita kupika majibu, na nilikuwa mpishi hodari. Bwana Maabara akapita akikusanya vifaa, akaitazama grafu yangu, akainama sikioni.

"Nyathina," akaninong'oneza, maana yake mwanangu, "hii grafu ni safi sana. Lakini uzi wako bado uko kwenye droo."

Hakunishtaki. Siku iliyofuata aliniita kwenye chumba chake cha nyuma akanieleza, bila kupaza sauti, kwamba jibu baya anaweza kulifanyia kazi, maana litamwonyesha palipoharibika. Lililopikwa haliwezi kumwonyesha chochote, kwa sababu linafanana na zuri. Nikasema ndiyo, Bwana Maabara. Nilikuwa nafikiria chakula cha mchana.

Na mtu huyo huyo alikuwa mwizi. Kila baada ya somo la kemia alikuwa akikusanya mabaki ya nitrati ya fedha kutoka mirija ya wanafunzi, tone kwa tone, anayatia katika chupa ya kahawia, na siku ya kustaafu chupa hiyo ilitoka naye ndani ya soksi.

"Hiyo ilikuwa uchafu," aliniambia nilipomchokoza. "Ningeimwaga tu."

"Mbona basi uliificha nyuma ya ndoo?"

"Mwangaza huiharibu."

"Mwangaza wa mwalimu mkuu?"

Akacheka hadi akakohoa. Lakini hakukubali, hata siku moja, kwamba aliiba. Kwa chupa hiyo, na sukari, na amonia iliyotutoa machozi sote wawili, alipaka kioo chake fedha. Maji yalikuwa meusi kama ya kuoshea masufuria. Alipoyamwaga, chini yake uso wake ulikuwa ukimtazama, safi, mkubwa, na pua imevimba. Siku hiyo nilimwona akicheza ngoma, au kitu ambacho magoti yake yalidhani ni ngoma.

Alichokitafuta juu kilikuwa kimoja. Kuna nyota tatu ambazo kila mtu anazijua, zimepangwa mstari. Chini yake kuna nyota nyingine ndogo zinaning'inia, na moja kati ya hizo ukiitazama vizuri si nyota. Ni wingu. Kuanzia Desemba hadi Aprili linapita karibu utosini mwetu kabla watu hawajalala, na mara ya kwanza aliponiita kulitazama nilikuwa na bakuli la uji mkononi.

"Pale ndani nyota zinazaliwa," akasema. "Sasa hivi, wewe ukinywa uji. Ile ni leba."

"Na baba yao ni nani?"

"Vumbi."

"Basi ni Obunga."

Nilipoweka jicho sikuona kitu. Alinifundisha. Alisema kitu hafifu hakitazamwi. Unatazama kando yake, kama unavyomtazama mtoto wa mchungaji wakati wa mahubiri, na chenyewe kinajitokeza pembeni mwa jicho. Nikatazama kando. Likaja. Lilikuwa la kijivu linaloelekea kijani, laini kama mvuke uliosahau kupanda, na katikati yake nyota nne ndogo zimebanana. Kutoka hapo mabawa mawili yalikunjuka huku na huku, yakaenda yakififia, hujui yanaishia wapi. Uji wangu ulipoa. Kwa mtu asiyependa kutoka nyumbani, nakiri, hapo nilitoka kidogo.

Tangu siku hiyo tulilitaja kama Leba, na jambo hilo lilimletea mkewe taabu, kwani mzee akisema kwa sauti kwamba anaelekea leba, majirani walitaka kujua ni binti wa nani.

Kazi yake ilikuwa kulichora. Kila wiki isiyo na mwezi, katika daftari la jalada gumu, kwa penseli: tarehe, saa, hali ya hewa, moshi, jina la mtazamaji. Nyota ndogo zilizotawanyika pembeni ya lile bawa refu alizipa namba, moja hadi saba, na kila alipochora aliandika bawa limefika nyota ya ngapi. Nilimwuliza faida yake. Akasema maisha yake yote alisafisha vifaa ambavyo watu wengine walivipimia vitu, na sasa anataka kupima kitu mwenyewe hadi mwisho.

Mwaka wa kwanza bawa lilifika nyota ya saba. Mwaka wa pili, sita na kidogo. Wa tatu, tano.

Kwanza alishuku fedha ya kioo kwamba imechujuka. Akaipaka upya, tukalia amonia tena. Bawa likafika nyota ya tano, likagoma.

Halafu akashuku moshi. Vita hivyo nilivisikia vyote bila kuondoka kwenye mashine.

"Hii moshi yako inakula nyota zangu!"

"Na nyota zako zimelisha nani hapa?" Mkewe hakuwa mtu wa kupigiwa kelele. "Unga ni ya moshi. Sabuni ni ya moshi. Hata hiyo penseli ni ya moshi, Mzee."

Halafu sauti ya chini: "Basi kaanga upande ule mwingine."

"Upande ule ni choo."

Mkewe akahamisha karai hata hivyo, kwa upendo au kwa kuchoka, akakaangia nyuma ya nyumba msimu mzima, mwaka wa nne. Bawa likafika nyota ya nne.

Ndipo ikawekwa mulika mwizi, ile taa kubwa juu ya mlingoti mrefu inayomulika mtaa mzima. Na hapa ndipo sijui nimweke wapi mtu huyu, kwa sababu karatasi ya sahihi za kuiomba ni yeye aliyeizungusha nyumba hadi nyumba. Wanawake waliokuwa wakitoka alfajiri kufuata mifupa ya samaki walikuwa wanaviziwa. Mkewe alinyang'anywa beseni, akapoteza meno mawili. Siku taa ilipowashwa watu walishangilia, watoto wakacheza mpira hadi wakaitwa kwa fimbo. Bwana Maabara alisimama uani akitazama kivuli chake kilivyo kikali.

"Umejimaliza mwenyewe," nikamwambia kupitia dirishani.

"Nikipewa ile karatasi kesho nitaizungusha tena," akasema. Akaenda kutafuta magunia ya kuzibia mwanga.

Kuna mambo mengine niliyoyaona dirishani miaka hiyo, nami nayaandika hapa kwa sababu nilipoyaona niliyapa majina yasiyo yake. Aliacha kuwasalimu watu waliompita kando. Nikasema ana maringo ya kustaafu. Aligonga nguzo alizozisimamisha mwenyewe za magunia. Nikasema ana kichwa cha profesa. Aliweka kikombe hewani, karibu na meza, kikaanguka. Nikacheka, nikamsimulia mama, naye akacheka. Nilikuwa na nafasi nzuri kuliko mtu yeyote Kisumu ya kumwona mzee huyu, na nilichofanya nayo ni vichekesho.

Mwaka wa tano aliamua kwamba Obunga imekwisha. Dada yake, mjane, ana boma Luanda Kotieno, kule ziwani kivuko cha kwenda Mbita kinakopakia watu. Hakuna moshi wa karai, hakuna mlingoti. Alitaka kwenda na bomba lake, na alitaka mtazamaji wa pili.

"Mmoja akiona ni hadithi," alisema. "Wawili wakiona, kila mmoja peke yake, hayo ni matokeo."

Mimi kwenda Luanda Kotieno kulikuwa habari ya mtaa. Mama alinifungashia mkate, dawa ya tumbo na blanketi, akaniaga kama mtu anayevuka bahari.

Usiku ule haukuwa na mwezi. Wavuvi wa omena, wale dagaa wa ziwani, nao hungoja usiku wa namna hiyo, na taa zao zilikuwa zimetapakaa ziwani kama mji uliojengwa jioni ile ile. Lakini sisi tulikuwa nyuma ya nyumba ya dada yake, ukuta umezikinga, na juu yetu kulikuwa na nyota nyingi hadi nikaona aibu kwa yale tunayoyaita nyota mtaani. Tochi alikuwa ameifunga karatasi nyekundu ya nailoni. Alitazama yeye kwanza. Alitazama muda mrefu sana. Kisha akachora, akaandika, akafunga daftari, akanipa langu.

"Chora unachokiona, nyathina. Si unachokijua."

Nikaweka jicho. Nikatazama kando.

Bawa lilikuwa limeenea. Lilipita nyota ya nne, ya tano, ya sita. Lilipita ya saba likaendelea kuzunguka kama mkono wa mtu anayekumbatia, na lile jingine likaja kulipokea kutoka upande wa pili. Sikuwahi kuliona hivyo hata mwaka wa kwanza. Nilikuwa nimefungua mdomo ili niseme.

Ndipo yeye, mtu wa gramu, akavunja sheria yake mwenyewe. Hakuweza kungoja. Gizani nyuma yangu nikasikia sauti yake.

"Hapa hakuna moshi. Hakuna taa. Fedha ni mpya. Na imefika nyota ya tatu tu. Unaelewa? Nimeondoa kila kitu. Si kioo, si mtaa. Ni yenyewe. Leba inafungwa, nyathina, na sisi ndio tumeiona." Akavuta pumzi. "Nitawaandikia barua watu wa nyota. Jina lako pia litakuwemo."

Penseli ilikuwa mkononi mwangu. Nikachora bawa hadi nyota ya tatu.

Nimejiuliza mara nyingi kwa nini. Nilimhurumia. Nilikuwa na baridi. Yeye alikuwa Bwana Maabara nami ni mtoto wa grafu ya uongo, na macho yetu yakipingana, niliona wazi ni macho ya nani yenye kosa. Tena nilitaka kesho yake nirudi nyumbani bila mjadala. Sababu hizi zote ni za kweli na hakuna hata moja inayotosha.

Asubuhi tulishuka ufuoni. Wanawake walikuwa wametandaza nyavu chini, omena zimeanikwa juu yake, zinameta juani. Bwana Maabara akapita katikati yake. Mchana kweupe, viatu vyote viwili, hatua nne.

"Mzee!" mama mmoja akapiga kelele. "Unakanyaga chakula ya watu kama hauna macho!"

"Nisamehe, mama. Kichwa iko mbinguni."

"Basi acha miguu pia huko!"

Watu wakacheka, naye akacheka, akainua kofia. Nami nikacheka. Lakini nilikuwa nimemtazama alipokuwa akizikaribia zile nyavu, na uso wake ulikuwa mtulivu kabisa, uso wa mtu ambaye mbele yake hakuna kitu. Hapo nilishuku. Sitasema sikushuku. Tulirudi Kisumu, nikaketi kwenye mashine, shule zilikuwa zinafunguliwa, sweta zilikuwa nyingi.

Barua aliiandika. Jibu lilikuja baada ya miezi, la heshima, mistari michache: wingu liko kama lilivyokuwa siku zote, tafadhali chunguza chombo chako. Alikuja nalo mkononi hadi dirishani kwangu, amekasirika kama kijana.

"Chombo! Mimi niambiwe nichunguze chombo!" Halafu akatulia, akaniuliza polepole. "Lakini wewe pia uliona tatu. Peke yako."

Sindano zilikuwa zinakimbia. Ningeweza kuisimamisha mashine.

"Ndiyo, Bwana Maabara. Tatu."

"Basi sisi ni wawili na yeye ni mmoja," akasema, akaenda zake, bega likagonga mlango wa ua.

Ilipita karibu mwaka mwingine. Kilichompeleka kwa daktari si nyota bali karai. Alitembea moja kwa moja hadi kwenye mafuta ya moto, yakamwunguza mguu, na mkewe akasema imetosha. Kulikuwa na madaktari wa macho waliokuja ukumbi wa kanisa siku mbili. Walimpima, wakamwambia ni presha ya macho. Ugonjwa huo hauumi. Huanzia pembeni, unakula kidogo kidogo kuja katikati, na mwenyewe hajui, kwa sababu hakuna mtu anayetazama kwa pembeni. Yeye alikuwa anatazama kwa pembeni. Alikuwa labda mtu pekee katika foleni ile aliyeupima ugonjwa wake miaka mitano, kwa namba, kwenye jalada gumu.

Haya nilisimuliwa na mkewe, juu ya ua.

"Daktari akamwuliza, Mzee, hukuona kitu kikipungua? Akajibu, niliona, daktari. Nilidhani ni kule juu." Akacheka, kisha uso ukasawijika. "Wamesema angekuja mwaka jana, zile dawa za matone zingeshikilia. Sasa zinashikilia nini? Imebaki tundu kama la mrija wa soda. Na hiyo pia inaenda."

Mwaka jana. Nilihesabu, ingawa hapakuwa na haja. Kuanzia usiku ule nyuma ya nyumba ya dada yake, au hata kuanzia barua, kulikuwa na muda wa kutosha wa mtu kwenda hospitali na kurudi mara mia.

Nilishona pazia la dirisha. Watu wa nyumbani tuna namna yetu ya kukimbia, hatuendi popote. Miezi sita nilifumia kwa taa ya umeme mchana, na mama akalalamika juu ya stima, na hakuniuliza pazia ni la nini. Nilimsikia tu upande wa pili, akiita, akigonga vitu, akiwaambia wapita njia kwamba yeye si mwalimu.

Nilienda Jumatano moja, asubuhi, mkewe akiwa ametoka kufuata mifupa. Alikuwa kwenye kiti cha plastiki mlangoni. Tundu lenyewe lilikuwa limefungwa kufikia wakati huo. Aligeuza uso kuelekea hatua zangu, akalenga kidogo kushoto kwangu.

"Viatu vya mtu asiyetembea sana," akasema. "Karibu, nyathina. Umechelewa."

Nilikuwa nimejiandalia hotuba. Ilibaki sentensi moja.

"Kule Luanda Kotieno lilipita nyota ya saba."

Hakushtuka. Alitikisa kichwa taratibu kama anayesahihisha zoezi na kulikuta kosa pale alipolitarajia.

"Lilipita kiasi gani?"

"Sana. Lilizunguka hadi likakaribia lile jingine."

"Mimi niliandika tatu."

"Ndiyo."

"Na wewe ukaandika tatu. Kwa sababu nilikutajia. Hilo ni kosa langu. Mtazamaji wa pili hatajiwi. Na barua ilipokuja?"

"Barua ilipokuja hukunitajia."

"Hapana. Nilikuuliza." Vidole vyake vilikuwa vinazunguka ukingoni mwa kiti, mbele na nyuma. "Ulikuwa unajua ni macho yangu?"

"Nilishuku. Ulipokanyaga omena."

Nilingoja anitukane. Nilikuwa nimekuja kwa ajili hiyo, nadhani. Nilitaka nipigwe nirudi nyumbani nikiwa nimelipa. Jua lilikuwa limeanza kumfikia magotini. Nilitazama daftari zake zilizopangwa rafuni ndani, tano, na nikaona mtu amezifunika kitambaa cha meza.

"Mke wangu asijue," akasema hatimaye.

"Nilitaka kumwambia mwenyewe—"

"Asijue. Akijua hatakuruhusu kuvuka huo ua. Na yeye hutoka alfajiri, anarudi saa nne, na katikati hapo mimi niko peke yangu, na choo kiko kule." Alisema bila uchungu wowote, kama anayegawa vifaa. "Sina mwingine wa kunisindikiza. Wewe uko nyumbani kila siku. Kwa hiyo utakuja."

"Nitakuja."

"Kila siku."

"Kila siku, Bwana Maabara."

Akanyoosha mkono, nami nikaushika, naye akasimama. Mkono wake ulikuwa mkavu na mwepesi, na haukunishika. Uliniacha nimshike mimi. Tukaanza kuvuka uani. Mimi nilikuwa nalia kimyakimya, natazama miguu yangu, na kwa sababu hiyo sikuiona kamba ya nguo hadi ikampata shingoni. Akasimama. Akaipapasa, akaiinua kwa vidole viwili, akainama, akapita chini yake.

"Sema mapema," akasema. "Usingoje nifike."

Nikafuta macho nikatazama mbele. Nikamwambia kuna jiwe.